Ukubwa wa Kijiwe

Kazi yangu ni kusema maneno ya watu wengine. Nakaa Mesquite, karibu na Dallas, Texas, na ofisi yangu ni kabati la nguo la chumba cha kulala, kwa sababu ndipo mahali pekee katika fleti hii ambapo makelele ya barabara kuu hayafiki. Navaa hedifoni, nafunga mlango, na hospitali zinanipigia. Daktari anasema Kiingereza upande mmoja, mgonjwa anasema Kiswahili upande wa pili, nami niko katikati nimekaa juu ya kigoda, makoti yananigusa kichwani. Sheria ya ukalimani tulifundishwa siku ya kwanza, nayo ni fupi: sema yote yaliyosemwa, usiongeze, usipunguze, usibadilishe. Wenzangu darasani walilalamika kwamba ni ngumu. Mimi nilicheka moyoni, maana nilikuwa nimelelewa na sheria hiyohiyo.

Baba yangu alikuwa mhudumu wa maabara katika shule ya sekondari ya wasichana huko Tanga. Hakuwa mwalimu, na ukimwita mwalimu alikusahihisha papo hapo. Aliishia darasa la nane, akaajiriwa kufagia, na kwa miaka thelathini na ushei akajifunza kemia kutoka kwenye vibandiko vya chupa. Mwalimu mwenyewe alifundisha ubaoni kwa Kiingereza, na wasichana wakakariri kama wanavyokaririshwa dua. Kisha walikuja maabara, na baba, huku akisuuza mirija ya kioo, aliwaambia kwa Kiswahili, kwa sauti ya chini, maana ya kile walichokuwa wamekikariri. Mkuu wa shule alimwita akamwonya kwamba anawaharibia wasichana Kiingereza. Baba aliitika, "Ndiyo, mama." Jibu lenyewe alilileta nyumbani akampa mama yangu wakati wa kula: "Mimi nawaharibia Kiingereza, na yeye anawaharibia kemia. Sijui nani atakwenda motoni kwanza."

Imani yake ilikuwa moja, na aliirudia mpaka tukachoka nayo. Alisema hakuna kitu kinachotokea ndani ya mrija wa kioo ambacho Kiswahili hakiwezi kukisema. Kama hakijasemwa, alisema, basi usitafute neno, mtafute mtu aliyenyamaza. Sikukuu ya Idd, mbuzi akishachinjwa, alituita mimi na mdogo wangu tusogee, akatuonyesha kwa ncha ya kisu: hili ini, hii nyongo, hili bandama, na hiki kijinyama cheupe kilichojificha nyuma ya tumbo ni kongosho. Nilikuwa na miaka minane. Nataja jambo hili mapema ili nisije nikajitetea baadaye kwamba sikuwa na msamiati.

Daftari lake lilikuwa na safu tatu, kama ilivyo ripoti ya jaribio lolote. Jaribio, yaani umefanya nini. Uchunguzi, umeona nini. Hitimisho, umejua nini. Safu ya pili hairuhusiwi kuwa na uongo na safu ya tatu hairuhusiwi kuwa na haraka. Na kitu chochote cha kupima kilipimwa mara tatu. Ukija na jibu la mara moja alikurudisha: "Kipimo kimoja ni uvumi, viwili ni ubishi, vitatu ndiyo habari." Mama alipoonja mchuzi alimfanyia dhihaka, akaonja mara tatu mbele yake, kila mara anatikisa kichwa kama hakimu.

Nilisoma shuleni hapo hapo. Katika mtihani wa kidato cha nne, sehemu ya vitendo, kila mtahiniwa hupewa chumvi isiyojulikana, unga kidogo ndani ya karatasi, aupashe moto, autilie hiki na kile, agundue ni chumvi ya nini. Mtu mmoja tu shuleni anaijua chumvi hiyo kabla, naye ni aliyeiandaa. Wiki ile baba hakukaa nasi kula. Alichukua sahani yake akala peke yake uani, ili isije ikamponyoka hata ishara. Mama alimsihi, alimnunia, alimwambia kwamba mtoto ni wake, si wa serikali. Alijibu kwamba mtihani ni mtihani.

Nakumbuka jaribio lile kuliko ninavyoikumbuka harusi yangu. Nilipasha ule unga mweupe juu ya moto. Ukatoa gesi, nikaielekeza kwenye maji ya chokaa, yakageuka kama maziwa. Unga uliobaki ukawa njano. Nikausubiri upoe, kama nilivyofundishwa, na ulipopoa ukarudi kuwa mweupe. Njano ikiwa moto, nyeupe ikipoa. Nilijua. Nilijua kwa Kiswahili, kwa sauti ya baba, akisuuza mirija: hayo ni yale madini yanayopakwa kwenye mabati ili yasishike kutu. Nikaandika safu ya pili yote. Nilipofika safu ya tatu, jina la Kiingereza, lile la karatasini, likanitoka. Hofu iliniingia na kulizima kama mshumaa. Nikainua macho. Baba alikuwa amesimama kwenye mlango wa stoo na jagi la maji mkononi, hatua sita tu. Nikamtazama. Akatazama chini.

Safu ya tatu niliiacha tupu. Kemia nilianguka, na milango ya sayansi ikafungwa hapo. Nilipelekwa kwenye ualimu wa shule ya msingi na udaktari nikauona kwa macho tu. Miaka mingi nimejiuliza swali ambalo naona wenye shahada zao hawajalimaliza: siku ile, mimi nilikuwa najua au sijui? Aliyesahihisha karatasi alisema sijui, na nchi nzima ikamwamini. Kama ujuzi ni kile ulichonacho, nilikuwa nao. Kama ujuzi ni kile unachoweza kumpa mwenye kalamu nyekundu, sikuwa nao. Ni wangapi walioachwa nyuma ya mstari ule, na vichwa vyao vimejaa? Baba sikumuuliza. Nilimnunia miezi, kisha nikaacha kununa kwa sababu hata kununa kunataka nguvu, lakini kitu kilibaki. Na yeye hata siku moja hakuniambia chumvi ile ilikuwa ya nini.

Nilikuja Texas kwa bahati nasibu ya viza. Nilipanga maboksi kwenye ghala, nikawaogesha wazee wa watu, nikafanya mtihani wa ukalimani wa hospitali, nikaupasi. Mdogo wangu alinifuata akaenda Houston, akajifunza kuendesha malori, akaoa, akanunua nyumba Missouri City, nje kidogo ya Houston. Mama alipofariki tukamleta baba nyumbani kwa mdogo wangu. Alikaa kwenye gereji, mlango umeinuliwa, kiti cha plastiki, kofia ya kiua kichwani, anasoma vibandiko vya sabuni na dawa za bustani. Kila nilipokwenda, saa nne na nusu za barabara, nilimkuta na swali jipya: kwa nini lami ya huku haiyeyuki na jua kali namna hii, kwa nini maji ya bomba yananuka dawa leo na jana hayakunuka.

Niwaeleze kwanza jinsi nilivyokuwa mkali, ndipo mtajua nilianguka kutoka wapi. Siku moja simu iliingia kutoka hospitali ya upande wa Dallas. Mgonjwa alikuwa mama mzee wa Kikongo, amekaa na mwanawe. Daktari alipotaja ugonjwa, kijana akadakia kabla sijafungua kinywa: "Mama interprète, tafazali, hii maneno usimuambie mama. Ataanguka." Kwa mujibu wa sheria, hata hilo nililisema, kwa Kiingereza, neno kwa neno, daktari asikie. Daktari akasema mgonjwa ana haki. Basi nikamwambia yule mama kwa Kiswahili kinachoeleweka kuanzia Tanga hadi Bukavu: una saratani. Nilisikia mtoto wake akilia. Kisha mama akasema, "Aksanti, mama. Sasa najua ile kitu iko ndani yangu. Siku zote walikuwa wananiangalia tu." Nilitoka kabatini siku ile nikijiona mtu wa maana. Nilipika pilau.

Baba alianza kuwashwa mwili mzima, kisha macho yakawa manjano. Mdogo wangu alikuwa njiani na lori, kwa hiyo niliendesha mimi kwenda Houston. Baba alinipokea na ripoti, hata shikamoo yangu hakuingoja. "Mkojo umekuwa kama chai ya rangi. Choo kimekuwa cheupe kama chokaa. Nyongo haishuki, mwanangu, kuna kitu kimeziba njia." Daktari wa kliniki alihitaji siku mbili na mashine kufika alipofika yeye kwa macho.

Hospitalini walimpiga picha, wakamwekea mrija mdogo wa plastiki ndani ili nyongo ipite. Kisha akaja daktari, mwanamke kijana, mpole, amesukuma kile kiskrini cha magurudumu chenye mkalimani wa video ndani yake. Mdogo wangu alikuwa amekwisha kuniambia kwenye simu, anaendesha, upepo unavuma: "Dada, kama ni kitu kibaya usimwambie mzee. Ata-give up. Nakuomba, dada. Hata kwetu nani anamwambiaga mgonjwa?" Kweli, kwetu nani anamwambia. Nikamwambia daktari aondoe skrini, mimi mwenyewe ni mkalimani, na nikamwonyesha kitambulisho. Alifurahi. Akakaa, akasema kwa utaratibu, akichora kwa mkono hewani: saratani ya kongosho, imekwisha kufika kwenye ini, kukata haiwezekani, dawa zitaongeza muda kidogo na kuondoa raha nyingi, yeye angeshauri wamtulize maumivu akae na familia yake. Miezi, alisema, pengine michache. Kisha akanitazama, anasubiri niseme.

Baba alikuwa anaangalia mdomo wangu. "Baba," nikasema, "ni kijiwe. Kimekaa kwenye mfereji wa nyongo. Wameweka mrija, kitatoka polepole."

Akafikiri. "Yeye amesema mengi. Wewe umesema machache."

"Kiingereza ndivyo kilivyo, baba. Kina maneno mengi."

Nilimwambia hivyo mtu yule. Mtu aliyeutoa umri wake kuthibitisha kwamba Kiswahili kinaweza kubeba chochote, nilimkalisha juu ya kitanda cha watu nikaisingizia lugha yake udogo ili nifiche uoga wangu. Hakubisha. Aliuliza tu, "Kina ukubwa gani?"

"Kama punje ya mchele."

"Hebu nipe kalamu," akasema, na akaandika kitu nyuma ya menyu ya chakula cha hospitali.

Sasa nitasema jambo ambalo mdogo wangu halijui. Ni kweli nilimhurumia, ni kweli niliogopa, ni kweli ni desturi. Lakini wakati neno "kijiwe" linanitoka, ndani yangu kabisa, mahali padogo pachafu, msichana wa kidato cha nne alisema: na wewe sasa uone ilivyo. Nimejaribu kumkana msichana yule. Alikuwepo.

Mrija ulifanya kazi. Macho yakarudi meupe, kuwashwa kukaisha, na uongo wangu ukanenepa. Mdogo wangu alinishukuru, akasema unaona, mzee ana-improve. Nikawa naenda kila wikiendi ya pili. Mara moja tulikaa gerejini, jua la Oktoba linaunguza bado, majirani wanakata nyasi. Akaniuliza, kama anayeuliza habari za barabara, "Hivi kile kijiwe changu, walisema kina ukubwa gani?"

Nilikuwa nachambua mchicha. "Kama choroko," nikasema.

"Choroko," akasema, na akaingia ndani kuchukua daftari lake. Lilikuwa daftari la wanafunzi wa huku, lenye jalada la madoadoa meusi na meupe. Nikaona anapiga mistari ya safu kwa ukingo wa sanduku la dawa. Nikafurahi kwamba mzee amepata kitu cha kujishughulisha nacho.

Mara ya tatu ilikuwa jikoni. Mtoto wa mdogo wangu, msichana wa miaka kumi, alikuwa na mradi wa sayansi wa shule, na baba alijichukulia usimamizi. Aliloweka karatasi kwenye manjano ya kupikia, akazianika dirishani, akamwambia mtoto apake maji ya ndimu. Hakuna kilichotokea. Kisha maji ya sabuni.

"Babu! It's red! Imekuwa red kabisa!"

"Bibi yako alijua hilo," baba akamwambia. "Kila mwanamke wa pwani aliyefua kanzu yenye doa la pilau anajua. Ukitia sabuni, doa la manjano linakuwa jekundu. Walikuwa na sayansi mkononi, hakuna aliyewaambia kwamba ni sayansi. Sasa rudia mara ya pili na ya tatu."

"But it already worked, Babu."

"Rudia. Kimoja ni uvumi."

Mtoto akarudia. Alikuwa anaelewa kila neno la Kiswahili na kujibu kwa Kiingereza zaidi, na kati yao hakuna kilichopotea. Niliwatazama nikaona mwalimu ambaye nchi haikumtaka, amekonda, shati linamning'inia, anamfundisha mwanafunzi wake wa mwisho. Nililia ndani ya friji, nikijifanya natafuta maziwa. Nilipogeuka, baba alikuwa ananiangalia. "Na kijiwe changu," akasema, "kina ukubwa gani vile?"

"Kimekwisha, baba. Kimebaki kama ufuta."

"Lakini walipokiona mara ya kwanza."

"Kama harage," nikasema, kwa sababu nilikuwa na kamasi na machozi na sikukumbuka. Nikatazama chini. Njia ya mwongo ni fupi, ila wakati ule niliona bado naendelea kutembea.

Hakuuliza tena kamwe.

Ramadhani ilipokaribia macho yakarudi manjano, na safari hii tumbo likajaa. Kwetu, kabla ya kufunga, watu huombana radhi; ndivyo pia afanyavyo mtu anayesafiri safari ndefu, na ndivyo afanyavyo mtu aliye kitandani na kujua. Baba alianza mapema, mwezi mzima kabla. Aliwapigia simu Tanga mmoja mmoja, ndugu, majirani, hata mama mmoja mkuu wa shule mstaafu, na kumwambia kila mmoja, "Niwie radhi." Nao wakamjibu inavyopasa, nikisikia kwenye spika: "Nimekuwia radhi, dunia na akhera." Mdogo wangu naye aliombwa akajibu, kwa mkato, mkono mmoja kwenye funguo za lori, akidhani ni ya Ramadhani tu. Heri yake. Angalau alijibu.

Mimi aliniomba kwenye gari. Nilikuwa nampeleka kliniki, tumesimama kwenye taa nyekundu, kiyoyozi kinavuma, mkanda wa gari ameulegeza kwa mkono ili usimguse tumboni.

"Mwanangu," akasema, "niwie radhi."

Nilijua anachoomba. Nilijua pia kwamba nikilijibu lile ombi kwa uzito wake, ukuta wote nilioujenga utaanguka, kwa maana binti hamwambii baba yake "dunia na akhera" kwa ajili ya kijiwe. Basi nikacheka. Nilicheka, na kicheko kile bado nakisikia ndani ya kabati langu wakati hedifoni ziko kimya.

"Radhi ya nini, baba? Kwani unasafiri?"

"Kuna jambo la zamani," akaanza.

"Ya zamani yamepita. Pumzika. Ukipona tutazungumza."

Taa ikawa kijani. Akageuza uso akatazama dirishani, maduka, vituo vya mafuta, kanisa, kituo kingine cha mafuta. Baadaye akasema lami ya barabara hii ni nzuri.

Alifariki asubuhi, siku tisa baadaye, nyumbani, kwenye chumba kilichopakana na gereji. Mimi nilikuwa Mesquite kazini. Simu yangu iliwaka mara tatu juu ya rafu, jina la mdogo wangu, lakini nilikuwa na mama mmoja kijana wa Goma anaelezwa chanjo za mwanawe, na mkalimani haachi mazungumzo katikati. Nilimaliza yote. Nikamwambia mahali pa kubonyeza iwapo palipochomwa sindano patavimba, nikamwambia tarehe ya kurudi. Nikavua hedifoni nikapiga simu. Kisha nikaendesha. Nilipofika Corsicana walikuwa wanamwosha, nilipofika Huntsville walikuwa wanamswalia, na nilipoingia Missouri City wanaume walikuwa wamerudi kutoka makaburini, viatu vina udongo, wamekaa wanasubiri chai. Mdogo wangu alinikumbatia akasema, "Hakuteseka, dada. Hakujua." Nikasema, ndiyo, hakujua. Wahenga wamesema mficha maradhi kifo humuumbua, lakini kwetu aliyeficha hakuwa mgonjwa.

Siku ya tatu mtoto wa mdogo wangu alinijia chumbani na lile daftari la madoadoa. "Shangazi, Babu alisema ni yako. He said nikupe after he's gone." Alikuwa amejaribu kulisoma, akaniambia, lakini mwandiko wa Babu ulimshinda.

Kurasa za mwanzo ni mwili wake. Rangi ya mkojo kila asubuhi. Uzito, kwa mizani ya bafuni, mara tatu kila Ijumaa. Maumivu yalipo na yanapohamia. Mwandiko ni wa mtu anayejaza kitabu cha maabara, mnyoofu, hana huruma na nafsi yake. Kisha ukurasa mmoja una kichwa cha habari kilichopigiwa mstari: *Ukubwa wa kijiwe.*

*Jaribio: nimemuuliza binti yangu swali moja mara tatu, nyakati tofauti. Uchunguzi: kwanza, punje ya mchele. Pili, choroko. Tatu, harage, ametazama chini. Vipimo havikubaliani, na uzito unashuka. Hitimisho: hakuna kijiwe. Ni kongosho. Anaubeba mzigo huu peke yake na sina ruhusa ya kumsaidia. Nisimuulize tena.*

Nilikaa sakafuni. Miezi mitano alikuwa anajua. Alimeza dawa za kijiwe ambacho hakipo, akanisifia udereva, akaniuliza kama nimekula. Mimi nilidhani namlinda, kumbe ndiye aliyekuwa ananilinda, na gharama yake ilikuwa kufa bila kuzungumza na mtu yeyote juu ya kifo chake kwa lugha aliyoipenda.

Nikafunua. Ukurasa uliofuata ulihusu siku ya mtihani, miaka yote ile nyuma, umeandikwa kama jaribio la jana. *Uchunguzi: gesi, maji ya chokaa yamegeuka maziwa. Njano ikiwa moto, nyeupe ikipoa. Amesubiri ipoe, kama nilivyomfundisha. Ameniangalia. Nimetazama chini. Nilipokwenda kuosha mirija nimeona kila kitu kimefanywa sawasawa. Hitimisho: kabonati ya zinki. Alijua. Ningeweza kumwambia mtu yeyote miaka yote hii kwamba mwanangu alijua, na kwanza yeye mwenyewe. Sikusema.*

Ukurasa wa mwisho una mistari michache, mwandiko umeanza kupinda. Ni tarehe ya siku ile tuliyokwenda kliniki.

*Jaribio: nimemwomba radhi mwanangu. Uchunguzi: amecheka. Ameuliza kama nasafiri.*

Safu ya tatu ameichora kwa ukingo wa sanduku la dawa, mstari umenyooka, na ndani yake hakuna kitu.

Daftari liko hapa kabatini, kwenye rafu, chini ya makoti. Siku ambazo simu ni chache nalifungua. Kalamu ninayo, na maneno yenyewe nayajua tangu utotoni, manne tu baada ya "nimekuwia": radhi, dunia na akhera. Lakini mkalimani haruhusiwi kuongeza neno ambalo halikusemwa, na mimi sikulisema.